Mlima Kwenye Mchoro wa Sikio

Mume wangu wanamwita Sikio. Jina hilo hakupewa na mama yake, alipewa na mtaa, na mtaa ukishakubatiza hata ukibadilisha kitambulisho haisaidii. Kazi yake ni kutengeneza spika. Simaanishi kuzifuta vumbi na kubandika gundi kama wanavyofanya wengine nisiowataja. Anachonga boksi mwenyewe, anachagua spika za kutia ndani, na zaidi ya yote anatengeneza krosova.

Krosova ni kichujio. Sauti ikitoka kwenye amplifaya inakuja yote kwa pamoja, nzito na nyembamba zimechanganyika. Krosova inazitenga: nzito iende kwenye spika kubwa ya chini, nyembamba iende kwenye ile ndogo ya juu tunayoiita twita. Ukikosea hapo, hata boksi uwe umelichonga kwa mbao za ikulu, utauza kelele.

Mimi ndiye ninayemzungushia koili za waya. Kabla ya hapo nilikuwa fundi cherehani, kwa hiyo vidole vyangu vinaelewana na uzi, na waya wa shaba ni uzi wenye kiburi tu. Karakana yetu ni chumba cha mbele cha nyumba. Kuna meza moja ndefu, chuma cha kulehemu chenye mpini uliofungwa kitambaa, rafu ya makopo ya maziwa yaliyojaa kapasita na rizista, vijipande vya umeme vinavyoipa krosova tabia yake, na dirisha linalotazama ukuta wa jirani. Tunagongana viwiko kutwa nzima. Mtu akikuambia kufanya kazi na mume ni raha, muulize kwanza kama amewahi kujaribu.

Vipimo kwake havikuwa na nafasi. Akishaunganisha krosova hukaa kwenye kigoda mbele ya spika, anafumba macho, ananipa maikrofoni na kuniambia niseme sentensi yake: "Sisi sote sasa tumesimama sawasawa." Alikuwa akisema herufi S ndiyo inayoiumbua krosova. Ikizidi inachoma, ikipungua mtu anasikika kama kibogoyo. Basi nasema, anabadilisha kapasita, nasema tena, anabadilisha rizista, mpaka atamke neno moja: imekaa. Nimeisema sentensi hiyo mpaka nikaichukia, na niliyeichukia zaidi ni aliyeitunga.

Ubaya wa mtu huyu ni kwamba huwezi kumkasirikia muda mrefu, maana ana utani. Ukirudi sokoni na wenzako, mikono imejaa, ukabisha hodi na kusema "fungua, ni sisi," anakujibu kutoka ndani kwamba fisi hawafunguliwi mlango katika nyumba hii. Shangazi yake alimpigia simu siku moja, aende akaweke saini kwenye karatasi za shamba la ukoo. Alifoka kwamba yeye halipi faini ya mtu yeyote, kwani kosa lake ni nini? Shangazi alicheka mpaka akakata simu. Kisa hicho kilizunguka ukoo mzima, na mpaka leo akikutana na watu wa upande wake wanamuuliza kama faini ameshalipa. Hata msibani watu walipenda kukaa karibu naye. Sijawahi kumsikia akimuuliza mtu "umesemaje?" Kila ulichosema alikuwa na jibu lake, hata kama halikuwa jibu la ulichouliza.

Majirani walimtania kwa methali za sikio, na ziko nyingi. Sikio halilali na njaa, wakimwona anakula. Sikio la kufa halisikii dawa, akikataa ushauri. Naye anacheka nao, na mimi nacheka pia, kwa nini nisicheke?

Mambo yalianza kuharibika siku mwalimu wa kwaya aliporudisha spika. Tulikuwa tumemtengenezea jozi mpya kwa ajili ya ukumbi wao, kubwa, zimepakwa rangi nyeusi zikapendeza. Akaja nazo juu ya mkokoteni. Mwalimu huyu ni mtu mpole, anaongea kama anayeogopa kumwamsha mtoto, lakini kwa mambo ya sauti kumbi zote za hapa zinamfuata yeye. Akisema fundi fulani anajua, fundi amekula. Akisema fundi fulani amekwisha, basi.

Akasema waimbaji wanalalamika. Kila penye S panachoma kama sindano, na bibi mmoja wa safu ya mbele siku hizi anakuja na pamba za kuziba masikio. Anamheshimu sana mume wangu, akasema, na ndiyo maana amezileta kwake. Ila akamwambia hivi, nami nilikuwapo: "Nikizirudisha mara ya pili, fundi, sitazirudisha kwako."

Mwalimu alipoondoka, Sikio aliwaka. Eti kwaya inaimba ovyo kisha inasingizia spika. Mimi nilinyamaza, jambo ambalo si kawaida yangu. Kusema kweli nilizisikia kali tangu mwanzo, ila nani anabishana na Sikio kuhusu sauti? Nilidhani ndiyo mtindo wa siku hizi.

Aliyetuokoa, au aliyetuangamiza, sijui niseme lipi, ni kitinda mimba wetu. Binti huyu ni fundi mitambo kwenye kituo cha redio, na alikuja nyumbani kupumzika akiwa na kompyuta yake ya mkononi. Akamsikiliza baba yake akifoka, akamsubiri amalize, akasema tuipime krosova tuone inafanya nini. Alikuwa na programu ya bure ya kuchora mchoro wa kichujio. Unaipakua tu, hakuna anayekudai kitu. Sikio akamwambia rahisi ghali. Kitu ambacho wenyewe wamekitupa, yeye amekiokota. Kisha akaongeza kwa ile sauti ya wazazi kwamba sikio halipiti kichwa. Binti hakukasirika. Alisema yeye hapimi kichwa, anapima krosova.

Basi akafunga nyaya zake mezani, nami nikasogeza makopo yangu. Alitueleza hivi: kompyuta inatoa mluzi unaoanza chini kabisa, kwenye mngurumo, unapanda polepole mpaka juu kule kwenye wembamba wa mbu. Mluzi unapita kwenye amplifaya ndogo na kuingia kwenye krosova, na waya mwingine unarudisha kwenye kompyuta kile kilichopita. Programu inachora mstari. Kushoto ni sauti nzito, kulia ni nyembamba. Mstari ukiwa juu, sauti imepita kwa wingi. Ukiwa chini, imezuiwa.

Kwanza aliunganisha waya na waya, bila krosova katikati, ili kompyuta ijipime yenyewe isije ikatusingizia. Ukaja mstari ulionyooka kama kamba ya kuanikia nguo. Kisha akafungua spika za sebuleni kwetu, ambazo baba yake alizitengeneza binti akiwa shule ya msingi, akapima upande wa twita. Mstari ulianzia chini upande wa kushoto, ukapanda taratibu kama mtu anayepanda ngazi, ulipofika juu ukatembea sawa mpaka mwisho. Hata mimi nisiyesoma hayo nikaona ni kitu kizuri. Sikio akajipigapiga kifua. Alisema kumbe hata kitu cha bure kinaijua kazi nzuri.

Ikaja zamu ya krosova ya kwaya. Mstari ukaanza chini, ukapanda, nikasubiri utulie. Haukutulia. Ukaendelea kupanda, ukatengeneza mlima mzima upande wa kulia, mlima wenye kilele, na uliposhuka haukurudi kwenye usawa wake. Binti akabadilisha nyaya, akarudia. Mlima ule ule. Akafungua boksi la pili, nikaomba Mungu liwe tofauti, tuseme labda la kwanza lina kapasita mbovu. Mlima ule ule, mahali pale pale.

Alisema makosa hayafanani hivyo. Hapa mtu amekusudia. Baba yake akajibu bila kusita kwamba ndiyo, amekusudia, rizista ameitoa kwa mkono wake, na koili alimwambia mama aizungushe tofauti, kwa sababu hivyo ndivyo spika inavyotakiwa kusikika. Nikakumbuka kwamba kweli, kwa muda sasa kila kazi mpya ilikuja na koili yake mpya, na kila mara nilipouliza niliambiwa nizungushe tu.

"Kompyuta inachora," akasema Sikio, "mimi nasikia. Utoe huo mluzi wako kwenye spika yenyewe, nikuonyeshe kama kuna mlima."

Akavuta kigoda chake, akakaa mbele ya spika ya kwaya, akafumba macho. Alisema ataufuata mluzi kwa mkono, unapopanda na mkono unapanda, na pakiwa na mlima ataukuta. Binti akaupunguza mwendo ili baba aufuate vizuri. Akaanzisha.

Ulianza mngurumo, makopo yangu yakatetemeka kwenye rafu. Mkono wa Sikio ulikuwa karibu na goti. Ukapanda sauti ya ng'ombe, ukapanda sauti ya mtu, mkono ukaja kifuani, ukafika begani, mume wangu anatabasamu, maana huo ndio ufalme wake. Ukafika kwenye filimbi. Kisha mluzi ukaanza kuupanda ule mlima, na hapo sitaki kuwadanganya, niliziba masikio kwa mikono miwili. Binti akakunja uso akaziba la kwake moja. Mbwa wa jirani akabweka nyuma ya ukuta. Ilikuwa kama mtu anakutoboa jino bila ganzi.

Sikio akateremsha mkono, akauweka gotini, ametulia kabisa.

"Imekatika," akasema, macho bado ameyafumba. "Mnaona? Programu yenu imefia njiani."

Mluzi ulikuwa unalia. Ulikuwa unalia mbele ya uso wake, hatua moja kutoka kwenye pua yake, na yeye amekaa kama mtu aliye peke yake msituni. Nilitaka kumwambia binti azime, mikono yangu ikiwa bado masikioni. Nimeona mengi, nimeona nyumba ikiungua, lakini sijapigwa na butwaa namna ile.

Akafumbua macho. Akaniona mimi nimeziba masikio, akamwona mwanaye ameziba, akaigeukia spika kana kwamba imemtukana.

"Mbona mmeziba masikio?"

Binti akazima mluzi, na tulijua umezimwa sisi wawili tu.

Sikio akauliza tena, mara hii taratibu. Ikabidi mtoto amwambie, na Mungu amlipe kwa namna alivyomwambia. Akachuchumaa pembeni ya kigoda, akaiweka kompyuta mapajani mwa baba yake, akagusa mahali kwenye mstari. Alisema: "Uliteremsha mkono hapa, baba. Mlima unaanzia hapa hapa." Akasubiri. Kisha akamweleza kwamba krosova haina kosa, imepangwa vizuri sana, ila imepangwa kwa sikio moja tu. Kila sauti nyembamba ilipofifia masikioni mwake, yeye aliipandisha kwenye krosova ili aisikie kama zamani. Ukiugeuza mchoro ule juu chini, unapata mchoro wa masikio yake.

Sikio aliutazama ule mlima. Alipitisha kidole juu yake, akapanda, akashuka.

Mimi wakati huo nilikuwa mbali. Nilikuwa mlangoni na vikapu vya sokoni, nasema "ni sisi," najibiwa fisi. Nilikuwa na shangazi kwenye simu, saini na faini. Ilinijia mmoja mmoja, mizaha yote ile tuliyoisimulia harusini na msibani, na kila uliokuja nilitafuta S yake au F yake, na nikaikuta. Yaa Rabi. Hakuwa anatania. Tumecheka miaka yote hiyo, na mtu hakuwa anatania.

Mimi nikiogopa nakuwa mkali, ndivyo nilivyoumbwa. Nikamvaa. Nilimuuliza kwa nini hakusema, kwa nini hakumuuliza mtu hata siku moja amesema nini, anaishi na mimi au na ukuta? Binti akanivuta gauni ninyamaze, sikunyamaza. Sikio akanisubiri nimalize. Alisema yeye alidhani watu wa siku hizi wanamumunya maneno, na hata mimi namumunya.

"Nilijibu nilichokisikia," akasema. "Mkacheka. Na mimi nikacheka. Sasa mtu anayeitwa Sikio anamuulizaje mwenzake, umesemaje?"

Hapo ukali uliniisha. Methali zilinijia kichwani, mganga hajigangi, nyani haoni kundule, zote zikapita na hakuna iliyonifaa kitu. Nilikwenda jikoni nikasimama tu, sikumbuki nilifuata nini.

Niliporudi niliwakuta wanafanya kazi. Mwalimu alikuwa akija kuchukua spika zake kesho yake, na spika haziponi kwa huzuni. Binti alikuwa anasoma mchoro, baba anarudisha rizista aliyoitoa. Nikazungusha koili upya. Kila alipolehemu kitu walipima, mlima ukapungua, wakabadilisha kapasita, ukapungua tena. Nilimwangalia mume wangu akifanya kazi kwa macho wazi, na hilo sikuwahi kuliona maisha yangu yote. Mwishowe mstari ulipanda na kutembea sawa. Binti akaweka wimbo wa kwaya. Jamani, ilikuwa nzuri. Unamsikia kila mwimbaji amesimama mahali pake, S zinapita bila kumgusa mtu.

Sikio alikuwa kwenye kigoda. Alisikiliza mpaka mwisho, akasema tumeifunika blanketi.

Nikamwambia haijafunikwa. Akasema kwake imekufa, waimbaji wako chumba cha pili na mlango umefungwa. Akachukua chuma cha kulehemu. Alisema hajawahi kumpa mtu kazi ambayo yeye mwenyewe anaiona mbovu na hataanza leo, kama ni kukosa heshima bora aikose kwa kazi aipendayo. Binti akaanza kulia. Baba yake akamwona, chuma kikabaki hewani kinafuka moshi.

"Hiyo kazi mpe mwalimu kwa masikio yangu," nikamwambia. Nilimsogelea nikasema usoni kwake, kwa sauti nzito, maana nilikuwa nimeshaanza kujifunza. "Mimi nakuambia imekaa."

Alinitazama sana. Kisha akachomoa waya wa chuma cha kulehemu ukutani kwa mkono wake.

Kesho yake mwalimu wa kwaya akaja na kijisauti chake. Akaomba maikrofoni, akasema maneno yake, akaimba kidogo, akaweka wimbo. Uso ukamfunguka. Akazunguka spika zile, akaegemeza kiganja juu ya moja, akasema ndiyo maana yeye hapeleki kazi kwingine, Sikio ni Sikio. Mume wangu alikuwa amesimama kando ya rafu, mikono nyuma. Nilidhani atanyamaza apokee sifa, na Mungu anisamehe, nilitaka anyamaze. Jina lilikuwa limepona, mlango ungefungwa, mambo yakaisha.

"Kazi hii si yangu," akasema. "Mimi sisikii. Imepimwa na binti kwa programu ya bure."

Mwalimu akaangua kicheko. Akampiga begani, akasema huyu bwana atatuua. Sikio akarudia, maneno yale yale, polepole. Mwalimu akacheka zaidi, akatoa leso akafuta macho, akanigeukia mimi tucheke wote. Nilimwona mume wangu amesimama katikati ya kile kicheko, amesema kweli mara mbili na hana pa kuipeleka. Damu ikanipanda.

"Mwalimu," nikasema, "hatanii. Sauti nyembamba hazisikii. Tumempima. Hakuwa anatutania hata zamani."

Kicheko kilimkauka mdomoni. Akanitazama, akamtazama binti, binti akaitikia kwa kichwa. Leso akaishika mkononi asijue aiweke wapi. Akainamisha uso, akasema kitu kwa sauti yake ile ndogo, akiwa anaongea na sakafu.

Nikamwona Sikio. Pembe ya mdomo ilikuwa imeanza kupanda, ule uso wake wa kujibu chochote ulikuwa unakuja, naujua kama ninavyoujua mlango wa nyumba yangu. Ukafika katikati ukasimama. Akauacha ushuke. Akageuka kwangu mbele ya mwalimu.

"Amesemaje?"

"Anaomba samahani," nikamwambia, namtazama usoni. "Amesema sisi sote tulicheka."